Hicho Si Kicheko Changu

Hotuba niliyoitoa kwa wanafunzi wa filamu na wachekeshaji chipukizi, nikaiandika upya kwa ajili ya waliokosa nafasi ukumbini

Ndugu mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi wa filamu mliojaza viti vya mbele, na nyinyi wachekeshaji mliojibanza nyuma karibu na mlango: habari za jioni. Nyinyi wa nyuma nawaelewa. Mchekeshaji akiingia ukumbi wowote, kitu cha kwanza anachokitafuta kwa macho ni pa kutokea.

Nimeombwa nizungumzie filamu zinazoonyesha jinsi wachekeshaji wa jukwaani wanavyofanya mazoezi na kuvipika vichekesho vyao. Tangu nipokee mwaliko, neno lililonisumbua ni hilo "mazoezi". Mpiga gitaa anajifungia chumbani, anakosea mara mia, anatoka ameiva, na hakuna aliyeyasikia makosa yake. Mwigizaji ana wenzake, na ana mwongozaji wa kumwambia "rudia". Mchekeshaji hana pa kujificha namna hiyo. Anaweza kusimama mbele ya kioo hadi alfajiri, ila kioo hakicheki. Hajui kama alichonacho ni kichekesho au ni habari tu, mpaka watu wasiomjua wakae, wakunje mikono kifuani, wamtazame. Watu hao ndio chumba chake cha mazoezi. Na wamelipa kiingilio.

Hapo ndipo shida ya mtengenezaji filamu inapoanzia. Ukienda kupiga picha mazoezi ya mchekeshaji, unakwenda kumpiga picha mtu anayeshindwa hadharani, usiku baada ya usiku, pamoja na ukimya unaofuata. Ukiukata ukimya ule huna filamu tena, una tangazo la biashara.

Nianze na filamu ya kubuni, kwa sababu kuna moja iliyoligusa jambo hili kwa kuligeuza kichwa chini miguu juu. Ni The King of Comedy ya Martin Scorsese, ya mwanzoni mwa miaka ya 1980. Robert De Niro anaigiza jamaa anayeitwa Rupert Pupkin, anayeamini kwamba yeye ni nyota ila dunia imechelewa kumgundua. Nyumbani amejijengea studio ya kipindi cha televisheni, na wageni wake ni watu wa kadibodi. Anapiga nao soga, anacheka nao, anajibu maswali ambayo hawajamuuliza, huku mama yake akimpigia kelele apunguze sauti. Halafu inakuja picha moja ambayo haijanitoka akilini: Rupert amesimama mbele ya ukuta wenye picha kubwa ya hadhira inayocheka. Anazungumza, na kicheko kinapanda, kinapanda, mpaka kinayameza maneno yake. Kamera inarudi nyuma taratibu na kumwacha mdogo kule mwisho. Hadhira ile haiwezi kumwangusha. Imechapishwa ikicheka.

Basi huyo ndiye mchekeshaji pekee niliyemwona kwenye sinema akiwa na chumba cha mazoezi kilichokamilika, na mwongozaji anatuonyesha kwamba chumba chenyewe ni cha mtu aliyerukwa na akili.

Sasa mweke kando yake mtu aliyefanya kinyume. Mwaka 1998 Jerry Seinfeld alikuwa amemaliza tamthilia yake ya televisheni, tajiri, anajulikana kila kona. Akafanya onyesho la kuviaga vichekesho vyake vyote vya zamani, na hata wakaigiza mazishi yake. Kisha akaanza upya, mikono mitupu. Filamu inayoitwa Comedian, iliyoongozwa na Christian Charles na kutoka mwaka 2002, inamfuata kwenye vilabu vidogo vya New York akijaribu kupata dakika tano, halafu kumi, halafu ishirini. Ilipigwa kwa kamera ndogo za video za kushika mkononi. Picha zake ni chafu, sauti inakwaruza, na ndivyo ilivyopaswa kuwa.

Ndani yake mna tukio ambalo nawaomba kila mwanafunzi wa filamu alitazame mara tatu. Seinfeld yuko katikati ya sentensi, na sentensi inakatika. Amesahau. Anatazama chini, anatafuta karatasi yake, anaguna. Mtu mmoja kwenye hadhira anamuuliza kama hii ndiyo mara yake ya kwanza kupanda jukwaani. Huyo ni Seinfeld anaulizwa! Watu wanacheka, naye anacheka nao, lakini tazameni macho yake. Umaarufu ulimnunulia muda mfupi tu wa subira, kama dakika tatu hivi, na sasa zimekwisha. Baada ya hapo ana deni kama mtu mwingine yeyote.

Sambamba naye filamu inamfuata kijana, Orny Adams, mwenye njaa ya kutoka na hasira za kuchelewa kutoka. Wengi wanamchukia kwa majivuno yake. Mimi namwona kuwa ndiye aliyeiokoa filamu ile, maana bila yeye tungekuwa tunamwonea huruma tajiri. Anapopata nafasi ya kuonekana kwenye kipindi cha usiku cha televisheni cha David Letterman, anaambiwa abadili neno moja, jina la ugonjwa, aweke la ugonjwa mwingine. Neno moja tu! Kijana anahangaika kana kwamba ameambiwa abadili jina la mama yake. Mtu asiyeijua kazi hii atasema anajitia. Anayeijua anajua kwamba neno lile limepimwa mbele ya watu usiku mwingi, lina idadi yake ya silabi na lina ukali wake, na neno mbadala halijawahi kusimama jukwaani hata mara moja.

Filamu nyingi za kubuni kuhusu wachekeshaji hazifiki hapa, na sababu yake ni ya kiufundi. Katika filamu ya kubuni, hadhira ni waigizaji wa ziada. Wanalipwa. Mwongozaji akisema "chekeni", wanacheka. Akisema "nuneni", wananuna. Mchekeshaji wa kwenye filamu anapopanda mara ya kwanza na kuanguka, anaangushwa na watu walioelekezwa kumwangusha, na mtazamaji analihisi hilo hata kama hawezi kulieleza. Tom Hanks alilijua tatizo hili. Alipokuwa akijiandaa kwa filamu ya Punchline, iliyotoka mwaka 1988, alikwenda kwenye vilabu na vichekesho vyake mwenyewe, akasimama mbele ya watu ambao hawakulipwa kumcheka, na mwanzoni mambo yalimwendea vibaya. Filamu yenyewe siisifii sana. Lakini namna Hanks anavyokishika kipaza sauti mle ndani, kama mtu aliyewahi kuumwa nacho, sidhani kama ilitoka kwenye mswada.

Kuna jambo jingine ambalo filamu za maisha halisi hulipenda mno: karatasi. Karatasi hupigika picha vizuri. Katika Joan Rivers: A Piece of Work, filamu ya Ricki Stern na Annie Sundberg iliyotoka mwaka 2010, mama huyu mwenye miaka 75 anafungua makabati ya droo zilizojaa kadi, kila kadi na kichekesho chake, zimepangwa kwa mada kama dawa za famasi. Mwenzake wa kizazi kilichomtangulia, Phyllis Diller, kabati lake sasa limo kwenye jumba la makumbusho la historia ya Marekani huko Washington, lina droo 48 na kadi zaidi ya 52,000. Na Seinfeld, katika kipindi alichokirekodi mwaka 2017, anaonekana ameketi katikati ya barabara, karatasi za kazi yake ya maisha zimetandazwa kumzunguka hadi mbali.

Picha zote hizo ni nzuri. Zinamstaajabisha mtazamaji, zinamwambia kwamba kumbe hii ni kazi na si kipaji tu cha mdomo. Lakini kadi ni kaburi la kichekesho, au tuseme kitanda chake cha mapumziko. Kile kilichotokea kati ya kadi na mdomo, na kati ya mdomo na masikio ya watu, hakimo kwenye droo. Ndiyo maana katika filamu ile ya Joan Rivers, makabati si mahali ninaporudi. Ninarudi pale anapotoa kichekesho kinachogusa uziwi, na mwanamume mmoja anapaza sauti kwamba hakichekeshi ukiwa na mtoto kiziwi. Joan anamgeukia kwa ukali wa kutisha, anamrushia maneno, anaurudisha ukumbi mkononi mwake, anaendelea. Baadaye, nje ya jukwaa, tunamwona akimwonea huruma mtu yule. Mambo yote mawili ni kweli kwa pamoja, na waongozaji hawakumchagulia mtazamaji upande. Mngekuwa nyinyi, mngeacha lipi?

Niruhusuni sasa niwaletee kichekesho kimoja tukifungue kama saa, maana tukiendelea kutaja majina ya filamu mtasinzia, na kusinzia kwenyewe ndiyo mada.

Miaka kadhaa iliyopita nilimfuata na kamera mchekeshaji mmoja. Jina nalihifadhi, ndiyo masharti yake. Tulikubaliana nimpige picha kila atakapopanda jukwaani kwa wiki tatu. Alikuwa na kichekesho kipya, na usiku wa kwanza alikisema hivi: "Juzi nilipatwa na usingizi mzito kwenye foleni ya kumwona daktari, na cha ajabu ni kwamba nilikuwa nimekwenda kutibiwa tatizo la kukosa usingizi."

Kimya. Mama mmoja akasema, "Pole."

Kosa liko wapi? Usingizi umetangulia, ugonjwa umefuata nyuma, kwa hiyo watu wamepewa jibu kabla ya swali. Na lile "cha ajabu ni kwamba" ni sawa na mtu anayekuonyesha zawadi huku bado anaifunga.

Usiku wa tatu akaigeuza: "Nina tatizo la kukosa usingizi. Nikaenda kwa daktari. Foleni ndefu. Nikalala." Meza ya kushoto ikacheka, kulia wakatabasamu. Usiku wa tano akaongeza mkia: "Nilipoamka, zamu yangu imeshapita." Kicheko kikapungua! Akashuka amefura, akaniambia nizime kamera. Sikuizima, na tulikosana kwa hilo. Kwenye gari tukalijadili, maana hasira haikumzuia kufikiri. Mkia ule ulikuwa wa kweli, na ndio ulikuwa ubaya wake: ulimwacha mgonjwa na ugonjwa wake na zamu hana, watu wakamwonea huruma. Mtu akishakuhurumia, kumrudisha kwenye kicheko ni kazi nzito.

Usiku wa nane akapanda na hiki: "Nina tatizo la kukosa usingizi. Nikaenda hospitali. Foleni ndefu. Nikasinzia. Muuguzi akanitikisa bega: 'Wewe. Nenda nyumbani.'" Akavuta pumzi moja. "'Umepona.'"

Naona mmecheka, asanteni. Ukumbi ule ulipasuka.

Tazameni kilichobadilika. "Nikalala" imekuwa "nikasinzia", kwa sababu kulala ni kitu kizima na kusinzia ni cha kuibia. Daktari ametoka, ameingia muuguzi, mtu mwenye haraka na asiye na muda wa kukubembeleza. Shida ya mgonjwa bado ipo vilevile, lakini sasa kuna mtu mwingine anayeamini imekwisha. Na kicheko chote kimening'inia kwenye neno la mwisho. Lugha hii inatupendelea hapo: "umepona" ni neno moja lakini ndani yake mna mtu, mna wakati, mna tendo, sentensi nzima imekunjwa kama kisu cha mfukoni. Usiku uliofuata akajaribu "umeshapona kabisa", na kicheko kikaja kimechelewa, kimetawanyika. Usiku wa kumi akarudi kwenye "umepona" na hakuligusa tena. Kilichobaki ni ile pumzi. Ikiwa fupi, neno linagongana na "nyumbani". Ikirefuka kidogo tu, watu wanalifikia jibu kabla yake, wanamkuta amesimama peke yake na neno lake mkononi.

Yote hayo, usiku kumi, kwa kichekesho cha sekunde kumi na tano.

Nikaingia chumba cha kuhariri, nikatenda dhambi mbili. Ya kwanza, niliufupisha ukimya wa usiku wa kwanza ukawa wa kupepesa jicho, nikiogopa mtazamaji atachoka. Matokeo yake, usiku wa nane haukuwa na uzito wowote. Ulikuwa mtu anacheza vizuri baada ya mtu kucheza vizuri. Dhambi ya pili ndiyo kubwa. Wanaorekodi maonyesho ya aina hii wanajua kwamba kipaza sauti cha mchekeshaji hakitoshi: lazima uwe na vingine vilivyoelekezwa kwa watu, la sivyo kicheko kinasikika kama kinatoka kwa jirani. Mimi usiku ule wa nane sikubadilisha betri za vile vya hadhira. Uzembe wangu mwenyewe. Kicheko kikubwa kuliko vyote kikaingia chembamba, kupitia kipaza sauti cha jukwaani tu. Nikaona isiwe tabu, nikachukua kicheko kinene cha usiku wa sita, cha kichekesho kingine, nikakibandika pale. Nani angejua?

Nikamwita mwenyewe atazame. Alikaa ameshika kidevu. Ilipofika "umepona", kicheko kikaja, kinene, kizuri, naye akainua mkono.

"Hicho si kicheko changu."

Nikamwambia ni chake, ni ukumbi uleule.

"Hicho ni cha kile cha mkwe," akasema. "Sikiliza. Hawa wanaanza chini halafu wanapanda, kwa sababu cha mkwe kinaeleweka kidogo kidogo. Cha 'umepona' kinapasuka mara moja, kinakatika, halafu kuna mmoja anayechelewa."

Nikarudi kwenye ile sauti nyembamba, nikaiongeza hadi ikaanza kukwaruza. Kikapasuka. Kikakatika. Na baada ya nusu sekunde, kule mbali kulia, mtu mmoja akachelewa.

Tangu siku hiyo sitazami filamu ya aina hii kwa macho niliyokuwa nayo. Ninasikiliza kama kicheko ni cha kichekesho kile au kimeazimwa. Ninasikiliza kama ni kicheko cha mshtuko au cha adabu. Na watu wakipiga makofi badala ya kucheka, ninajua mchekeshaji mzoefu atakunja uso, kwa sababu makofi ni watu kukubaliana naye, na hakupanda pale kukubaliwa.

Kamera nayo ina lawama zake. Hadhira ikijua inarekodiwa, inajikaza, au inacheka kupita kiasi ili ionekane ilifurahi. Hata wakubwa kamera huwayumbisha. Richard Pryor, aliyeweka kipimo ambacho wengine wote hupimwa nacho kwa filamu yake ya mwaka 1979, aliporudi kurekodi Live on the Sunset Strip, usiku wa kwanza ulimshinda akashuka jukwaani. Siku hizi wachekeshaji wakubwa wanapojaribu vichekesho vichanga, simu za watazamaji hufungiwa kwenye mifuko yenye kufuli mlangoni. Wengine wanaona ni maringo. Mimi, niliyetengeneza filamu, ninaona wana haki: kichekesho cha usiku wa kwanza kikivuja, hakitafika usiku wa nane.

Na usiku mkubwa kuliko wote katika miaka ya karibuni haukupigwa picha kabisa. Agosti 2012, mchekeshaji Tig Notaro alipanda jukwaani Los Angeles, akawaamkua watu na papo hapo akawaambia ana saratani. Kuna sauti yake tu, iliyouzwa kama albamu mwaka uleule. Filamu iliyofuata, Tig, ya mwaka 2015, inakuja baada ya usiku ule, na inamwonyesha katika hali ambayo haipendezi kusimuliwa: sasa kila mtu anamngojea, saratani imetibiwa, naye hana dakika tano mpya. Inambidi arudi kwenye kumbi ndogo na kuwa mbovu tena. Kwangu mimi hiyo ndiyo filamu ya mazoezi, na usiku ule wa ajabu ni utangulizi wake tu.

Naona mwenyekiti anatazama saa. Nimekuja na kipande cha dakika sita: usiku wa kwanza, wa tatu, wa tano na wa nane. Ukimya nimeurudisha wote. Ule wa usiku wa kwanza una sekunde nne na nusu, na nawaahidi mtauona mrefu kuliko hotuba hii. Sauti ya usiku wa nane ni ile nyembamba, msiwalaumu mafundi wa ukumbi huu.

Ombi moja tu. Isipokuchekesha, usicheke kwa adabu. Mwenye kichekesho yumo humu ndani, ni mmoja wa wale wa karibu na mlango, na habari za masikio yake mmeshazisikia.

Taa, tafadhali.